Sura ya Sita: Vidonge na Chupa

Ukinunua Flagyl katika duka la dawa lolote, Tanga hadi Mbeya, muuzaji ataandika juu ya pakiti "2×3, siku 5", halafu atakutazama usoni na kuongeza kwa mdomo: usiguse pombe. Maneno hayo haandiki kwenye pakiti, lakini ndiyo mteja anayotoka nayo. Atasahau kama vidonge humezwa kabla au baada ya kula. Hatasahau kwamba vikikutana na bia "vinaua". Aliyeamua kumaliza dozi ataiacha bia. Aliyealikwa harusini Jumamosi ataiacha dozi, na muuza dawa yeyote mzoefu atakwambia hao si wachache.

Sura hii nimeiandika kwa ajili ya huyo wa harusini. Katazo la pombe limebandikwa kwenye dawa nyingi mno: zile zinazoweza kumkatia mtu pumzi usingizini, na zile ambazo hazina ugomvi wowote na chupa. Mnywaji hana pa kuanzia kuzitenganisha. Mmoja amemwona jirani akinywa bia juu ya amoksilini na kuamka salama, basi anahesabu maonyo yote kuwa vitisho. Mwingine anayaamini yote, na kwa kuwa chupa hataiacha, kidonge ndicho kinachoachwa. Wa kwanza anaweza kufa kwa kuchanganya. Wa pili anaweza kufa kwa kutochanganya, na huyu wa pili hatumzungumzii kabisa.

Hofu ya Flagyl ina historia, nayo inaanzia mbali, kwenye mpira wa magari. Mwaka 1937 daktari wa kiwanda kimoja Marekani, E. E. Williams, aliandika kwamba wafanyakazi walioshika kemikali fulani za kukomaza mpira hawakuweza tena kunywa. Bia kidogo tu iliwapandisha joto usoni na moyo ukaenda mbio. Aliuliza, karibu kwa utani, kama huenda hiyo ndiyo dawa ya ulevi. Hakuna aliyelifuatilia swali lake.

Miaka michache baadaye, Copenhagen, katika kampuni ya dawa ya Medicinalco, watafiti wawili, Jens Hald na Erik Jacobsen, walikuwa wanaichunguza disulfiramu, kemikali ya ukoo huohuo. Ilikwisha kutumika dhidi ya upele, na wao walitaka kujua kama itafukuza minyoo. Wafanyakazi wa kampuni hiyo walikuwa na desturi ya kujijaribia dawa wao wenyewe, na kikundi chao walikiita, kwa mzaha wa Kidenmaki, Kikosi cha Kifo. Walimeza vidonge, wakaona havina neno. Kisha ikaja siku ya chakula cha mchana na bia, na mtafiti mzima akajikuta uso unawaka, kichwa kinagonga, chakula kinarudi. Walipolinganisha habari zao waligundua kwamba siku zote za maradhi zilikuwa siku za pombe. Mwaka 1948 walichapisha matokeo katika jarida la Lancet, na dunia ikapata Antabuse, dawa ambayo kazi yake yote ni kumfanya mnywaji ajute ndani ya nusu saa.

Namna inavyofanya kazi ni rahisi kueleza. Ini huivunja pombe kwa hatua mbili. Kwanza huigeuza kuwa asetaldehidi, ambayo ni sumu. Kisha kimeng'enya cha pili huigeuza asetaldehidi kuwa kitu kisicho na madhara. Kwa kawaida hatua ya pili huifuata ya kwanza upesi, na sumu hiyo ya katikati haipati nafasi ya kurundikana. Disulfiramu hukifunga kimeng'enya cha pili. Sumu inajaa damuni: mishipa inatanuka, presha inashuka, moyo unakimbizana nayo, mtu anatapika na kutweta. Watu wengi wa Uchina, Japani na Korea huzaliwa na kimeng'enya hicho kikiwa dhaifu, na ndiyo maana glasi moja huwapandisha rangi usoni. Kwenye ngozi yetu wekundu hauonekani sana, kwa hiyo usiusubiri. Mgonjwa atakwambia anahisi uso unaungua na kifua kinabana, na hapo utakuwa umeambiwa yote. Hata uyoga mmoja wa Ulaya, Coprinopsis atramentaria, una kemikali yenye kufanya hivyohivyo: mtu anaula vizuri, anamwaga divai juu yake, au anakunywa siku kadhaa baadaye, na anaugua.

Madaktari wa mwanzo waliitoa Antabuse kwa dozi kubwa, na wengine walimnywesha mgonjwa pombe palepale wodini ili aonje kitakachompata. Wagonjwa kadhaa walikufa. Dozi ikapunguzwa, na leo karatasi ya dawa hiyo ina onyo kali kuliko mengine yote: asipewe mtu aliyelewa, wala asipewe mtu bila yeye kujua. Hapa nageukia wake, mama na dada wanaotafuta kwa siri dawa ya kumwachisha mtu pombe ili waitie kwenye chai au uji. Nayaelewa machungu yanayowafikisha hapo. Lakini mnachouziwa, mara nyingi, hakuna anayejua kina nini. Na kikiwa kweli ni disulfiramu, mzee atakwenda kilabuni jioni kama kawaida, hajui kwamba glasi mbili zinaweza kumwangusha, na daktari atakayempokea hatajua anapambana na nini. Nguvu ya kidonge kimoja inaweza kukaa mwilini hadi wiki mbili. Anayekubali mwenyewe, kwa kujua, chini ya daktari, anaweza kusaidika sana na dawa hii. Anayetegewa amewekewa mtego.

Turudi kwa Flagyl. Ilianza kutumika Ufaransa karibu na mwaka 1960, dawa ya trikomona, na baadaye ikaonekana kuwa inaua amiba na bakteria kadhaa. Mwaka 1964 daktari mmoja Marekani aliripoti kwamba wanywaji waliopewa metronidazoli, ndilo jina lake la kitaalamu, walipoteza hamu ya pombe na baadhi waliugua walipokunywa. Ikaonekana Antabuse mpya imepatikana. Majaribio yaliyofuata hayakuthibitisha manufaa yoyote, na wazo la kuitumia kutibu ulevi likafa. Lakini onyo halikufa pamoja nalo. Liliingia vitabuni, kila kitabu kikanakili cha mwenzake, likafika hadi dirisha la duka la dawa la kijijini.

Mwaka 2002 watafiti wa Ufini waliamua kupima badala ya kunakili. Wanaume 12 wenye afya waligawanywa: nusu walipewa metronidazoli kwa siku tano, nusu vidonge visivyo na dawa, kisha wote wakanyweshwa pombe na damu ikapimwa. Asetaldehidi haikupanda. Hakukuwa na tofauti ya maana kati ya makundi hayo mawili. Na mwongozo wa magonjwa ya zinaa wa CDC ya Marekani wa mwaka 2021 unasema waziwazi kwamba si lazima mgonjwa aache pombe kwa sababu ya dawa hii. Karatasi za dawa katika nchi nyingi bado zinakataza, na mfamasia anayefuata karatasi yake simlaumu, kwa kuwa zipo ripoti za watu mmojammoja walioumwa.

Mimi mwenyewe ningeiacha bia kwa siku hizo tano. Flagyl peke yake huleta kichefuchefu na ladha ya chuma mdomoni, na mwenye kuhara damu ana haja na maji na chumvichumvi kuliko kileo. Ila mtu akirudi kutoka harusini amekwisha kunywa mbili, kumwambia aitupe dozi iliyobaki ni kumtendea vibaya kuliko zile bia zilivyomtendea. Amiba haijui kwamba kulikuwa na harusi. Wapo wanaopaswa kulichukulia katazo hili kwa uzito wote: wale walio kwenye Antabuse, ambao hawatakiwi kabisa kupewa Flagyl, wanywe wasinywe, kwa sababu dawa hizo mbili zikikutana zimewahi kuvuruga akili za watu. Griseofulvini, dawa ya mapunye, nayo inaweza kumwasha mnywaji uso na kumwendesha moyo mbio.

Nimelikalia hili kwa sababu ndilo onyo maarufu kuliko yote. Ubaya wake ni kwamba limemeza nafasi ya maonyo mengine. Uso unaowaka hutisha, lakini mwenye uso huo bado yu macho, anaweza kulalamika na kuomba apelekwe hospitali. Hatari kubwa ya pombe na dawa haina kelele. Inakoroma.

Pombe ni breki ya ubongo. Diazepamu, ambayo wengi tunaiita Valium hata kama pakiti imeandikwa jina jingine, inakanyaga breki hiyohiyo. Tramadoli na kodeini zinakanyaga nyingine, iliyo jirani na mahali panapoamrisha pumzi. Phenobarbitali, dawa ya kifafa inayopatikana katika zahanati nyingi kwa sababu ni ya bei ndogo, nayo imo. Kila moja kwa kipimo chake inaweza kuwa salama. Zikiwa mbili pamoja, mtu analala, kisha analala zaidi, kisha kifua kinasahau kupanda.

Kisa kinachojulikana zaidi ni cha Karen Ann Quinlan wa New Jersey, Marekani. Aprili 1975, akiwa na miaka 21, alikuwa kwenye sherehe na marafiki. Alikuwa amejinyima chakula ili apungue mwili, alikuwa amemeza vidonge vya kutuliza, na akanywa pombe juu yake. Alipoanza kulegea walimrudisha nyumbani wakamlaza kitandani. Walipokuja kumwangalia hakuwa anapumua. Moyo wake uliokolewa, ubongo haukuokoka. Kesi ya wazazi wake ya kutaka mashine iondolewe iliamuliwa na Mahakama Kuu ya jimbo hilo mwaka 1976 na ikabadilisha sheria za Marekani kuhusu wagonjwa wasioamka. Alipotolewa kwenye mashine aliendelea kupumua mwenyewe, asiamke, hadi alipofariki mwaka 1985. Wanasheria huikumbuka ile kesi. Mimi hukumbuka kile kitendo cha marafiki, kumlaza kitandani, kwa sababu ndicho ambacho sisi sote tungekifanya.

"Mwacheni alale, pombe itamtoka." Maneno haya yanasemwa kila wikiendi katika kila mji, na mara nyingi ni ya kweli. Yanakuwa ya hatari pale aliyelala alimeza kitu kabla ya kunywa. Uliza. Tafuta pakiti mfukoni. Kama anakoroma kwa mlio wa kubanwa, kama ukimfinya haitikii, kama pumzi zinaachana mbali, mlaze kwa ubavu ili matapishi yasimzibe, usimwache peke yake, na tafuta gari. Kumwogesha maji baridi na kumnywesha kahawa ni kupoteza muda, na kahawa ndani ya koo la mtu asiyejitambua inaweza kumpalia.

Hatari hii hujificha pia kwenye dawa ambazo hakuna anayezihesabu kuwa kali. Piriton na Phenergan, za mafua na mzio, zina usingizi ndani yake. Amitriptilini, ambayo wengi huandikiwa kwa maumivu ya neva, pia. Dereva wa bodaboda aliyemeza Piriton mchana kwa sababu ya chafya na kupita grosari jioni kwa bia moja anaendesha akiwa na hali ambayo bia peke yake isingempa. Mzee wa miaka 70, ambaye mwili wake huitoa dawa polepole, ataanguka akienda chooni usiku, avunjike nyonga, na hakuna atakayeliunganisha anguko hilo na kidonge cha Piriton. Kwa wenye kifafa mambo yana pande mbili: ulevi wenyewe, hasa pombe inapomtoka mtu, huita degedege, na kuiacha phenobarbitali ghafla ili "isichanganyike" huliita kwa nguvu zaidi.

Halafu kuna ini.

Asubuhi ya kuzimua ina desturi zake: supu, ndizi, pilipili, na Panadol mbili. Mtu anayekunywa kwa nadra akimeza vidonge viwili vya paracetamol baada ya usiku mmoja wa sherehe hana haja ya kuogopa. Hesabu hubadilika kwa mnywaji wa kila siku. Sehemu ndogo ya paracetamol hugeuzwa na ini kuwa sumu, na ini huizima sumu hiyo kwa akiba ya kinga yake. Pombe ya kila siku hufanya mambo mawili kwa pamoja: inaongeza kiwanda kinachotengeneza sumu, na inapunguza ile akiba, hasa kwa mtu anayekunywa badala ya kula. Huyo, dozi ya kawaida iliyorudiwarudiwa siku kadhaa inaweza kumwangamizia ini. Tangu 1998 mamlaka ya dawa ya Marekani imetaka pakiti za paracetamol zimwonye anayekunywa vinywaji vitatu au zaidi kila siku. Kwa mtu mzima mwenye afya ukomo ni vidonge vinane vya miligramu 500 kwa saa 24. Kwa mlevi wa kudumu madaktari wengi hushusha hadi vinne. Na dawa nyingi za mafua tayari zina paracetamol ndani, kwa hiyo soma pakiti kabla ya kuongeza. Anayekimbilia diclofenac au aspirini kukwepa yote haya atakutana na tumbo: dawa hizo na pombe kwa pamoja huchubua ukuta wake, na mwenye vidonda anaweza kutapika damu.

Dawa za kifua kikuu ndizo zinazohitaji uangalifu mkubwa kuliko zote upande wa ini, kwa kuwa humezwa kwa miezi sita. Isoniazidi, rifampisini na pirazinamidi, kila moja inaweza kuliumiza ini yenyewe, na pombe inaongeza hatari. Isoniazidi na pombe pia huchoma neva za miguu, ndiyo sababu mgonjwa hupewa vitamini B6. Dalili ya kuangalia ni macho kuwa ya njano, kukosa kabisa hamu ya kula, kutapika, na maumivu chini ya mbavu za kulia. Usiutegemee mkojo: rifampisini huupaka rangi ya chungwa tangu siku ya kwanza, na wagonjwa wengi hushtuka bure. Macho yakiwa ya njano, nenda kituoni siku hiyohiyo. Hapa katazo la pombe ni la haki. Lakini wanywaji ni miongoni mwa wanaougua kifua kikuu zaidi, na muuguzi anayemwambia "ukinywa usije kuchukua dawa" amemrudisha mitaani akikohoa, na huenda vijidudu vikarudi vikiwa sugu. Afadhali aje akinuka mnazi na apimwe ini.

Kwa wenye kisukari nitakuwa mfupi, ingawa jambo lenyewe si dogo. Ini linaposhughulika na pombe huacha kazi ya kutoa sukari damuni. Anayetumia insulini au glibenklamidi, akinywa bila kula, sukari inaweza kushuka hadi akaanza kutoka jasho, kutetemeka, kuongea ovyo na kupepesuka. Watu wa mezani watacheka kwamba leo zimempanda upesi. Hakuna tofauti inayoonekana kwa macho kati ya mlevi na mwenye sukari iliyoshuka, na kushuka kwenyewe kunaweza kutokea alfajiri, saa nyingi baada ya glasi ya mwisho. Kama bado anameza vizuri, mpe soda ya kawaida au maji ya sukari kwanza, maswali baadaye. Asipopata nafuu upesi, au akishindwa kumeza, ni hospitali.

Nimewaacha mwisho watumiaji wa ARV, kwa sababu kwao ndiko lile katazo la jumla limefanya uharibifu unaopimika. Seth Kalichman wa Chuo Kikuu cha Connecticut na wenzake waliwafuatilia Marekani watu wanaoishi na VVU ambao wanakunywa. Wengi waliamini kwamba dawa na pombe zikikutana mwilini hugeuka sumu. Hawakuacha kunywa. Waliruka dozi siku za kunywa, kwa makusudi, wakidhani wanajilinda, na walioamini hivyo ndio walioruka zaidi. Yeyote aliyekaa kwenye foleni ya kliniki zetu amewahi kusikia hesabu hiyohiyo: Ijumaa hadi Jumapili ni za mtungi, dawa zinaanza tena Jumatatu. Dozi tatu kila wiki, na kirusi kinapata mwanya wa kuongezeka na kujifunza kuikwepa dawa.

Dolutegraviri, iliyo ndani ya kidonge kimoja cha siku kinachotumiwa sasa na wagonjwa wengi Tanzania na Kenya, haina mgongano wa maana na pombe. Abakaviri hutolewa mwilini na kimeng'enya kilekile kinachoivunja pombe, hivyo kiwango chake damuni hupanda, lakini dozi haibadilishwi kwa ajili hiyo. Efavirenzi ya zamani ndiyo iliyokuwa na kizunguzungu, na pombe ilikizidisha. Wazee wa kliniki bado wanakisimulia, na huenda hapo ndipo hofu ilipoota. Pombe nyingi ina madhara yake kwa mwenye VVU, kubwa likiwa kusahau. Mtu aliyelewa saa tatu usiku hakumbuki kidonge cha saa tatu usiku. Kwa huyo, mshauri mwenye busara haanzi na hotuba ya ulevi. Humuuliza huwa anaanza kunywa saa ngapi, na akijibiwa ni jioni, humhamishia kidonge saa moja asubuhi, pamoja na chai.